Mbuzi ya Masika

Ujumbe ulifika Kimyani saa nne za asubuhi, Bi Mwanakhamis akiwa anageuza karafuu jamvini, na aliyeuleta hakupewa hata maji ya kunywa. Si kwamba Bi Mwanakhamis ni mchoyo. Ni ujumbe wenyewe uliomkaa vibaya tangu neno la kwanza. Ustadh Othman wa Kengeja, ami yake Suhail, alikuwa anasema hivi: posa ya kijana wao huyo kwa Shamima bado ipo, na heshima baina ya pande mbili bado ipo, lakini kile kikao cha kimya ambacho watu wa Kimyani hukaa kabla ya ndoa, yeye hakikai na familia yake haikikai, kwa sababu ni ibada ya kanisa. Kikikaliwa, ndoa hakuna.

"Kasema hivyo?" aliuliza Bi Mwanakhamis.

"Kasema hivyo hivyo," alijibu Seif, dereva wa chai-maharage, gari ya abiria ya Kengeja, ambaye hakuwa na kosa lolote ila njia yake kupita pale.

"Basi nawe kamwambie, hapano Kimyani bila ya kimya ndoa hakuna."

Akarudi kwenye karafuu zake, akazigeuza kwa nguvu mpaka nyingine zikamwagika nje ya jamvi. Mjukuu wake Shamima, aliyekuwa ndani akishona na amesikia kila neno, alisimamisha cherehani na hakuiwasha tena siku ile.

Sasa kimya si jambo la mchezo pale kijijini, maana ndicho kilichokipa kijiji jina. Watu wakitaka kuoana, pande mbili hukutana, husoma dua, halafu hukaa bila ya mtu kusema neno. Mwenye kitu moyoni juu ya yeyote aliyepo husimama akakisema. Hajibiwi papo hapo. Watu hukaa tena, neno lipate kusikika, ndipo mwengine husimama. Yakishakwisha, huletwa kahawa na halua, na baada ya kikombe cha kwanza ni aibu kubwa mtu kufufua jambo la zamani. Katika kimya zimepata kutoka habari za mipaka ya mashamba, za ng'ombe aliyekula muhogo wa watu, na mara moja habari ya kanga iliyoazimwa ikakaa miaka thelathini bila ya kurudi. Kanga yenyewe ilikuwa imeshakuwa tambara la kudekia, lakini mwenyewe alikuja kulipwa doti mpya, akalia kwa furaha.

Mama yake Shamima, ambaye ndiye binti pekee wa Bi Mwanakhamis, aliolewa Unguja bila ya kimya kwa vile wakwe walikuwa na haraka ya kuwahi boti. Ndoa ile ilidumu miezi minane. Bi Mwanakhamis hakuwa na ushahidi wowote kwamba kimya kingeiokoa, wala hakuutafuta. Alimlea Shamima mwenyewe tangu mikononi, na aliapa kwamba huyu hatatoka nyumbani kwake hivi hivi.

Balaa lote lilianzishwa na mtu wa nyumbani. Mardhiya, mtoto wa ndugu yake Bi Mwanakhamis, anasomesha historia skuli huko Chake na anakaa Tibirinzi, na ana ugonjwa wa kupenda karatasi za zamani. Mwaka mzima alikuwa akiandikiana na maktaba moja ya Uingereza, mpaka wakampelekea picha za barua za mmisheni aliyewahi kuishi Kimyani, katika miaka ile watumwa walipoachiwa huru. Mardhiya akafasiri ukurasa wa kwanza na, kwa furaha, akaurusha kwenye kundi la wasap la ukoo. Ukurasa ulisema kwamba mmisheni huyo, mtu wa dhehebu ambalo waumini wake husali kwa kunyamaza, ndiye aliyewakalisha watu kimya kila Jumapili nyumbani kwake, akingojea mmoja wao asukumwe na Roho aseme. Wasap haina adabu. Kabla ya adhuhuri ukurasa ulikuwa umeshafika Kengeja, na Ustadh Othman ameshavaa miwani.

Watu wa Kimyani wenyewe hawakushtuka sana. Kwamba alikuwepo mzungu walijua. Walimwita Bwana Kimya, na magofu ya nyumba yake yapo mpaka leo nyuma ya mashamba, ingawa mawe mengi yalichukuliwa kujengea msikiti. Mabenchi yake mawili yamo barazani kwa Bi Mwanakhamis, na yamekaliwa na Waislamu tangu hapo. Mbuzi weupe wote wa kijiji husemwa ni kizazi cha mbuzi jike mmoja ambaye Bwana Kimya alimpa Masika, bibi mkuu wa ukoo, bila ya sababu inayojulikana. Wazungu wana mambo yao, ndivyo wazee walivyosema, na hakuna aliyeuliza zaidi. Lakini kwamba kimya ni chake yeye, hilo ndilo lilikuwa jipya. Wao siku zote walijua kwamba Bwana Kimya ndiye aliyejifunza kwao.

Jioni ile Shamima alikaa uani akikuna nazi ya kuungia muhogo, mgongo ameupinda, na bibi yake akimwangalia.

"Bibi," alisema bila ya kuinua uso, "na nikikosa mume kwa sababu ya kimya?"

"Hukosi mume. Utakosa ntu anayeogopa kusema na watu."

"Suhail haogopi. Ni ami yake."

"Ami yake ndiye atakayekaa hapano siku mkigombana."

Shamima aliikuna nazi kwa hasira mpaka chembe za kifuu zikaingia kwenye sinia. Bi Mwanakhamis alimhurumia. Alijua kwamba mtoto yule anampenda kijana wa watu, na kijana mwenyewe, fundi wa umeme wa jua mwenye mikono mizuri na maneno machache, hana kasoro. Na alijua jambo jengine ambalo hajamwambia mtu yeyote.

Masika, mama wa bibi yake, aliletwa kisiwani kutoka bara akiwa mtoto, akatumikishwa katika shamba la watu. Kazi yake ilikuwa jikoni, kukuna nazi asubuhi na jioni. Alipokuwa msichana alijichongea mbuzi yake mwenyewe ya kukunia, kwa kipande cha mti wa mfenesi, akamwomba mhunzi amtilie ulimi wa chuma, na chini ya kibao akakata alama tatu kwa kisu ili ajue kuwa ni yake. Kitu kingine cha kwake hakuwa nacho duniani. Hata kanga aliyojifunga ilikuwa ya wenyewe. Siku aliposikia kwamba watumwa wamepewa uhuru, aliondoka alfajiri, na jikoni kumefungwa, na mbuzi ikabaki ndani. Alitembea mpaka akafika kwa Bwana Kimya, akapewa kibanda na kipande cha kulima. Na siku moja, mbele za watu, alisimama akaililia mbuzi yake. Wenziwe walimcheka. Umepata uhuru, unalilia kibao! Akawajibu: kibao changu.

Hadithi hiyo Shamima aliijua tangu hajaota meno. Asilolijua ni kwamba shamba lile lilikuwa Kengeja. Bi Mwanakhamis aliambiwa na bibi yake mara moja tu, na jina la wenyewe hakuambiwa. Kwa hivyo tangu posa ilipokuja kutoka Kengeja alikuwa akijituliza: Kengeja kubwa, ina watu wengi, kwa nini iwe hao? Lakini moyo wake haukutulia. Kimya alikihitaji yeye kuliko mtu mwengine yeyote.

Alifikiri siku tatu. Alikwenda kwa Shehe Khatib wa msikiti wa Kimyani, ambaye alimwambia kwamba kunyamaza hakujapata kumtoa mtu katika Uislamu, ila kusema kumewatoa wengi. Maneno hayo yalipelekwa Kengeja na Seif, na jibu likarudi kwamba shehe huyo naye ni wa Kimyani. Ndipo Bi Mwanakhamis alipofanya jambo lililomuuma. Alipeleka ujumbe wa mwisho: Ustadh aje Ijumaa baada ya sala, Mardhiya amsomee karatasi zote, si ukurasa mmoja. Akishasikia zote, akisema bado ni kanisa, basi Shamima ataolewa bila ya kimya na yeye hatasema neno.

"Bibi, na akisema ni kanisa?" aliuliza Shamima.

"Nitanyamaza. Si ndiyo kazi yetu hiyo?"

Alisema hivyo kwa kucheka, lakini usiku ule sahani yake ya wali ilirudi jikoni nzima.

Ijumaa walikuja watatu: Ustadh Othman, Suhail, na mama yake Suhail, Bi Ummkulthum, mwanamke mnene mwenye sauti ya upole. Ustadh alikuwa mrefu, mkavu, na kanzu yake imepigwa pasi mpaka inakata. Walisalimiana kwa ukamilifu wote, hali, watoto, wazee, karafuu, mpaka hakukubaki cha kuulizana. Akakaribishwa kwenye benchi. Ustadh aliliangalia lile benchi kama mtu aliyeonyeshwa kiti cha umeme.

"Hili si lake yule?"

"Lilikuwa lake," alisema Bi Mwanakhamis. "Sasa langu."

"Mie nitakaa mkekani."

Akakaa mkekani, na goti lake la kulia, ambalo lilikuwa na maradhi ya miaka, likalia kwa sauti iliyosikika na wote. Shamima alikuwa nyuma ya pazia la mlango. Suhail alikaa mwisho wa benchi la pili, akapewa kahawa na Bi Mwanakhamis, akashukuru, akaishika bila ya kuinywa.

Mardhiya alitoa karatasi zake. Alieleza kwamba ni barua za Bwana Kimya kwa dada yake, na kwamba jina lake hasa lilikuwa Alfredi na la ukoo halitamkiki. Halafu akasoma.

"'Jumapili. Leo tumekaa watu kumi na wanne. Niliwaeleza kwa Kiswahili changu kibovu kwamba tutanyamaza pamoja, na ambaye moyo wake utasukumwa, asimame aseme. Walikubali kwa adabu. Muda mrefu hakuna aliyesema. Aliingia kuku, akatutazama, akatoka. Nilikuwa nimeshaanza kukata tamaa, mara akasimama mwanamke kijana aitwaye Masika.'"

"Ndiye bibi yetu," alisema Bi Mwanakhamis kumwambia Bi Ummkulthum.

"'Alisema kwa uchungu mkubwa, na machozi yakimtoka. Sikufahamu yote. Lakini neno moja alilirudia tena na tena, nalo nalijua vizuri, kwa kuwa lilikuwa katika somo langu la pili: mbuzi. Mbuzi wake amepotea. Amemwacha mbali, na moyo wake hautatulia mpaka ampate. Dada yangu, hebu fikiri! Mtu ambaye hajasomewa hata sura moja ya Injili, na Roho amempa mfano ule ule wa mchungaji na kondoo wake! Nililia pamoja naye mbele za watu, na sikuona haya.'"

"Ngoja," alisema Bi Mwanakhamis. "Rudia hapo. Kalilia mbuzi gani?"

"Mbuzi. Mnyama. Kwa Kizungu kaandika mnyama khasa, mwenye pembe."

"Masika hakuwa na mbuzi mwenye pembe! Kampata wapi, mtumwa?"

"Mie nafasiri alivyoandika."

"Soma mbele."

"'Jumatano. Nimemnunulia Masika mbuzi jike mweupe, mzuri sana, nikampelekea mwenyewe kibandani. Alimtazama mnyama, kisha akanitazama mimi, muda mrefu, bila ya kusema kitu. Naamini ni shukrani iliyokosa maneno.'"

Nyuma ya pazia kitu kilianguka. Ilikuwa ni Shamima, kacheka mpaka kakalia sinia. Bi Mwanakhamis alijifunika uso kwa ukaya, mabega yanatikisika. Miaka mia na zaidi ukoo mzima ulikuwa umejiuliza kwa nini mzungu alimpa Masika mbuzi, na sababu ndiyo hiyo: maskini ya Mungu alililia mbuzi yake, na mzungu akasikia mbuzi wake.

"Ilikuwa mbuzi ya kukunia nazi!" alisema alipopata pumzi. "Kaililia mbuzi ya nazi, Bwana Kimya kamletea ya kuchunga!"

Bi Ummkulthum alicheka mpaka akashika ubavu. Suhail aliweka kikombe chini ili asimwage. Mardhiya, aliyekuwa amekaa na karatasi zile miezi sita na digrii yake bila ya kuliona hilo, alijipiga kofi la paji. Kisha akaendelea, sasa kila sentensi ikimpa tabu.

"'Jumapili iliyofuata. Tumekuwa arubaini na mmoja! Ni uamsho mkubwa. Tisa walisimama. Mmoja alililia jembe, ambalo nafikiri ni jembe la shamba la Bwana. Mwengine alimnyooshea kidole jirani yake na kutaja kuku, na jirani akainamisha kichwa akatubu.'"

"Hakutubu," alisema Bi Mwanakhamis. "Alimrudisha kuku."

"'Mwezi wa tatu. Dada yangu, sina budi kukuambia kweli. Naanza kushuku kwamba hawa watu hawasali. Wanasali kwao, mara tano kwa siku, na hawana haja ya kuja kwangu kwa hilo. Kwangu huja kupatana. Wanakaa, wananyamaza, kisha mwenye dhiki anasema, na mkosa anaona haya. Nilikusudia Jumapili hii niwakataze. Kisha nikakumbuka kwamba katika shamba hili hakuna nyumba mbili zisizosemezana, na mimi na mwenzangu wa misheni hatujaamkiana wiki ya tatu sasa. Basi sikuwakataza. Nilikaa nao, na ilipofika zamu nikasimama nikasema langu.'"

Mardhiya alikunja karatasi. "Imeishia hapo. Walioingia dini yake anataja wawili, wakahamia bara. Baadaye akarudi kwao."

Bi Mwanakhamis alifuta macho kwa ncha ya ukaya, akageuka kumtazama mgeni wake, maana sasa hukumu ilikuwa mikononi mwake. Ndipo alipoona kwamba mtu mmoja tu barazani hakuwa anacheka. Ustadh Othman alikuwa ameinamia mkeka, na uso wake umebadilika.

"Bi Mwanakhamis," alisema taratibu. "Huyo bibi yenu alitumikia wapi?"

Bi Mwanakhamis angeweza kusema hajui. "Kengeja," alisema.

"Na jina lake ndilo hilo? Masika? Kama masika ya mvua?"

"Kama masika ya mvua. Alizaliwa msimu huo."

Ustadh alijaribu kuinuka na goti likakataa. Suhail akaja kumshika mkono. Alisimama, akatazama huku na huku barazani, halafu akakaa kwenye benchi la Bwana Kimya kwa uzito wake wote.

"Hebu tukae kimya," alisema.

Walikaa. Jirani alizima redio yake, kwani Kimyani watu wakisikia kimya hukijua. Harufu ya karafuu ilikuwa imejaa uwanja mzima. Bi Mwanakhamis aliogopa, na hakuwa na haya ya kujiambia kwamba anaogopa, kwa sababu sasa alijua litakalosemwa litakuwa kubwa, na Shamima yuko nyuma ya pazia anasikia.

Ustadh Othman alisimama, mkono mmoja begani kwa Suhail.

"Kwetu kuna mbuzi ya nazi," alisema. "Ya mfenesi. Hukaa darini mwaka mzima. Mvua za masika zikianza huteremshwa ikakuniwa, zikisha hurudishwa juu. Mie nimezaliwa nimeikuta hivyo, na baba kazaliwa kaikuta hivyo. Twaiita mbuzi ya masika. Nilipokuwa ntoto nilimuuliza bibi yangu, hino mbuzi nzuri kushinda zote, kwa nini tusiikunie kila siku? Akanambia, si yetu kuikunia kila siku. Basi tukajua ni ya msimu. Umri wangu wote, nilijua ni ya msimu."

Alihamishia uzito kwenye mguu mzima.

"Na jengine. Habari ya kanisa niliisema mie, na nilikuwa na dalili zangu, lakini sicho nilichokiogopa. Nimeambiwa tangu udogo kwamba wazee wetu walikuwa na watu wakiwatumikisha. Nilijua Kimyani ni watu gani. Niliogopa tukae hapa, asimame ntu aniambie mbele ya kijana wangu, wazee wenu waliwatumikisha wazee wetu, nami niwe sina la kujibu. Basi nasema mie kabla hamjasema. Waliwatumikisha. Na mbuzi ya watu tukaikalia. Tuwieni radhi."

Akakaa. Kwa ada, hakujibiwa. Bi Mwanakhamis alilia kimya kimya, na machozi yakashuka mpaka shingoni, naye akayaacha. Alimfikiria Masika na kibao chake. Alimfikiria pia bibi wa huyu bwana, mwanamke asiyemjua, aliyetaka kuirudisha mbuzi akashindwa, au hakuthubutu, akaipandisha darini mpaka mwenyewe aijie. Jua lilihama kutoka benchi la kwanza mpaka la pili, ndipo aliposimama.

"Na mie nina langu," alisema. "Tangu Suhail alipoingia mlango huu, kila nikimtazama najiuliza, huyu katoka jikoni kwa nani? Ntoto hana kosa hata moja. Lakini kila akija nimekuwa nikimpa kahawa kwa kikombe chenye ufa, na vikombe vizima vimo kabatini. Nimejua na nimefanya makusudi. Na uniwie radhi, mwanangu."

Suhail alikitazama kikombe kilichokuwa miguuni pake. Kilikuwa kimeshavujia mkeka.

"Bibi," alisema kwa haya, "mie nilidhani ndicho cha wageni."

Hapo kimya kilikufa. Alicheka Ustadh kwanza, kicheko kirefu cha mtu aliyetua mzigo, na wengine wakamfuata. Shamima alitoka nyuma ya pazia bila ya kuitwa, jambo ambalo si adabu, na hakuna aliyemrudisha. Ikaletwa kahawa mpya, kwa vikombe vizima, na halua.

"Radhi mmepata," Bi Mwanakhamis alisema akimmiminia Ustadh. "Mbuzi naitaka."

Harusi ilifanywa kabla ya Ramadhani, katika jua kali la kaskazi. Asubuhi ya siku yenyewe uwanja wa Bi Mwanakhamis ulijaa wanawake, vyungu na mapishi, na nazi zimerundikwa ukutani mpaka kiunoni kwa mtu. Mbuzi wawili weupe, wa ukoo ule ule wa shukrani iliyokosa maneno, walikuwa wameshachinjwa kwa pilau. Gari ya Seif ikaja kutoka Kengeja ikiwa na watu wa mume, na Bi Ummkulthum akateremka akiwa amekumbatia kitu kilichofungwa kwa kanga mpya, ambacho hakumruhusu mtu kumpokea. Safari hii Seif alipewa maji, na sahani ya pilau juu yake.

Bi Mwanakhamis aliifungua kanga mwenyewe. Mbuzi ilikuwa ndogo kuliko alivyoiwaza maisha yake yote. Mti umegeuka rangi ya asali iliyokaa, na meno ya chuma bado makali, kwa vile haikupata kazi ila miezi miwili mitatu ya kila mwaka. Aliigeuza juu chini, akapitisha kidole chini ya kibao, akaziona kwa ncha ya kidole kabla ya kuziona kwa macho: moja, mbili, tatu. Furaha ilimpanda, akaipangusa vumbi ambalo halikuwepo.

Akaiweka chini, katikati ya wenziwe, akajikusanya kutaka kukaa. Bi Ummkulthum aliinama haraka akamshika mkono. Hakuwa na nia mbaya, ni mazoea ya nyumba yao tu.

"Bi Mwanakhamis, uniwie radhi," alisema kwa sauti yake ya upole. "Kwetu haijapata kukaliwa katika jua hili. Huwa tunangoja masika ije."

Bi Mwanakhamis alikaa, akaweka sinia mbele yake, akanyoosha mkono apewe nazi ya kwanza.

"Masika kaja," alisema, na akaanza kukuna.